Wiki Tatu Nikiwa Mgeni Kazini

Nimewahi kufanya kazi serikalini kwa wiki tatu, na kila siku ya wiki hizo nilikuwa mgeni. Simaanishi mfanyakazi mpya. Nasema mgeni wa kuandikwa langoni.

Mimi na rafiki yangu tulitoka Kakuma pamoja, mkataba wetu wa kuandikisha wakimbizi ulipokwisha. Tukapanga chumba kimoja Nawoitorong, tukaomba kazi ileile ya karani wa masijala, pale faili za wafanyakazi zinapokaa, katika ofisi moja ya serikali mjini Lodwar. Nikapata mimi. Yeye akadai alama za mahojiano zionyeshwe, na zilipoonyeshwa alikuwa amenipita mbali. Akaenda mahakamani. Jaji akaamuru asiajiriwe mtu yeyote mpaka kesi isikizwe. Tuliendelea kupikia sufuria moja, na mambo ya kesi tukayaacha mlangoni pamoja na viatu.

Mkubwa wa ofisi alikuwa na haraka ya kutuweka kazini, na jela pia aliiogopa. Akatuita sote saba tuliochaguliwa kwa nafasi mbalimbali.

"Amri inakataza kuajiri," akasema. "Haikatazi kutembelewa. Basi mtakuwa mnatutembelea."

Kila asubuhi askari wa lango, mama asiyejua mchezo, alinisukumia kitabu cha wageni.

"Ejok. Leo unaona nani?"

"Mkubwa."

"Jana uliona yeye. Juzi pia. Yeye haishi kuonwa?"

Kwenye sababu ya kuja niliandika "binafsi", nikaingia kuchapa kazi mpaka saa kumi na moja.

Na kazi niliichapa! Masijala ile ilikuwa aibu tupu. Waliostaafu wamechanganywa na waliofukuzwa, na mjusi kazaa katikati ya maombi ya likizo. Nilipanguza, nikapanga, nikaandika vibandiko kwa kalamu nyekundu. Sijawahi kupenda kazi namna ile.

Rafiki yangu si mjinga. Aliniona nikitoka na sketi iliyopigwa pasi na kurudi na vumbi kwenye kope. Wakili wake akaomba mkubwa aadhibiwe kwa kudharau amri ya mahakama, akaomba na kitabu cha wageni kiletwe. Wageni walewale saba, saa mbili kamili, wiki tatu mfululizo.

Wakili wa mkubwa alinifundisha jibu moja: nilikuwa nakuja kusalimia. Nililikariri hata nikioga. Nilikuwa tayari kulisema. Nilitaka kazi ile kuliko nilivyotaka urafiki, na sioni haja ya kujipamba.

Siku ya kesi niliitwa kutoa ushahidi, na wakili wa rafiki yangu akasimama, mpole ajabu.

"Kwa hiyo hukugusa kazi yoyote?"

"Nilikuwa nakuja kusalimia."

"Sawa. Maana hapa nina hati ya kiapo ya karani wa siku nyingi wa ofisi hiyo, imeletwa na ofisi yenyewe. Anaapa kwamba masijala aliipanga yeye, peke yake."

"Yule?" nikasema. "Yule anayelala mpaka chakula cha mchana? Mheshimiwa, nimepanga mimi! Moja moja, kwa mikono hii! Na ufunguo ninao mimi!"

Nikauinua wauone.

Mahakama nzima iliangua kicheko. Jaji aliinamia karatasi zake kwa muda mrefu, na mkubwa akashika kichwa.

Mkubwa aliomba radhi, akaponea kwenye onyo. Sisi saba tulirudishwa nyumbani, na mahojiano yakarudiwa mbele ya watu wengine kabisa. Nilisoma, nikavaa vizuri, nikajibu bila kukwama. Rafiki yangu akajibu vizuri zaidi.

Majina yalipotoka, alinisindikiza nikapande gari la Kakuma. Nilitaka kumtania, maana ndivyo tulivyozoeana, nikashindwa. Roho iliniuma kweli.

"Pole, dada," akasema.

"Pole ya nini? Ulinipita tangu mara ya kwanza."

Tangu siku alama zilipoonyeshwa sikuwa nimemwambia neno hilo. Yeye ndiye aliyeanza kulia.