Gimbi la Lukas

Perpetua Nairu, binti wa mama yangu mdogo, ndiye anayepiga filamu za watu waliopitia vita vyetu hapa kisiwani Bougainville, na mimi ndiye punda wake wa mizigo. Kazi yake inakera. Akifika kijijini, siku ya kwanza analima viazi na wenyeji, ya pili anamenya magimbi, na kamera haitoki mkobani mpaka mtu aiulizie mwenyewe. Tena ana sharti: aliyesema ndiye wa kwanza kujiona, na akisema toa, anatoa.

Sharti hilo lilitutia matatani kule Siwai. Blaise Torovi, mpiganaji wa zamani, alikuwa ametueleza mbele ya kamera jinsi alivyomuua Lukas, mwana wa Mama Skolastika. Maelezo yale ndiyo yaliyobeba filamu nzima. Mwaka uliofuata koo zao zikapatana; wakatafuna tambuu pamoja, wakazika jiwe. Jiwe likishazikwa, muuaji haruhusiwi kulitaja tena jambo lile. Mimi nayaandika haya kwa ruhusa ya Mama Skolastika mwenyewe. Basi Perpetua alipomwonyesha Blaise picha zake, akaomba zitolewe.

Nilichemka. Miaka minne ya kubeba mizigo! Nikamshauri binamu yangu filamu ikaonyeshwe mbali, nani atajua.

"Wewe beba, ndugu yangu," akanijibu. "Kufikiri niachie mimi."

Akaenda kwa Mama Skolastika kumweleza kuwa picha zile zipo, maana mama huyo hakuwahi kuambiwa mwanawe alikufaje.

"Kwa hiyo kamera yako inajua, mimi sijui," Skolastika akasema.

"Ndiyo, mama. Ukitaka nitakuwekea uone."

"Sitaki kuambiwa na chombo. Niitieni Blaise."

Blaise akaja, akakaa karibu na mlango, macho chini. Akasema jiwe limemfunga mdomo.

"Lilizikwa kwa ajili ya mwanangu," Skolastika akamwambia. "Nimelifukua mimi. Sema."

Perpetua akafunga mkoba wa kamera, akaniashiria nisiguse kitu. Kusema kweli nilitamani kulia kwa hasira. Picha za zamani alizifuta baadaye, na filamu ikatoka bila neno hata moja la siku ile.

Blaise alieleza polepole. Walimkamata Lukas njiani, wakamfunga miguu kando ya mto, yeye akaachwa amlinde. Siku mbili Blaise alikuwa hajatia kitu mdomoni. Asubuhi Lukas akatoa mfukoni gimbi la kuchoma alilotoka nalo nyumbani. Alipoona mlinzi wake anavyolitazama, akampa lote. Jua halijapanda vizuri, amri ya kumpiga risasi ikaja, na Blaise akaitimiza.

Skolastika akamgeukia Blaise.

"Gimbi lile nililichoma mimi," akasema. "Ulilimaliza?"

"Nililimaliza, mama."