Bi Sisemi

Kabla watu hawajamwita Bi Sisemi, alikuwa mwigizaji wa filamu za kuchangishana: kamera ya kuazima, sebule ya shangazi imegeuzwa wodi, na maiti akipiga chafya mnarudia upya. Aliipenda kazi ile, ingawa watazamaji walikuwa karibu wale wale walioigiza.

Kisha akapata nafasi kwenye tamthilia ya televisheni, acheze mama mkwe mkorofi. Siku ya kwanza maneno yalimtoka makavu, mwongozaji akaanza kuguna. Ndipo akambeba mama yake mzimamzima: mkono kiunoni, kidevu juu, na ile kauli yake ya kufungulia ugomvi, "Mimi sisemi kitu," ambayo akishaitamka husema mpaka chai inapoa. Mafundi wa taa walicheka hadi wakaharibu sauti. Jina likapaa.

Nyumbani, majirani walijaa kutazama. Walicheka wakimwangalia mama, si televisheni. Mama naye akacheka kidogo, kisha akaenda jikoni na hakurudi. Tangu hapo, kila akipita dukani alikaribishwa kwa utani, "Mama, leo pia husemi kitu?" Basi kweli, akaacha kusema.

Binti alikuwa mbio mbio na kazi; alidhani uzee umempoza mama. Alipokuja kushtuka, nyumba ilikuwa imeshazoea ukimya.

Jumapili moja aliingia na viatu vya tope hadi kwenye zulia, makusudi. Zamani kosa hilo lingemletea hotuba ya mchana kutwa. Mama alichukua kitambaa, akainama, akafuta.

"Mama, nigombeze basi."

"Nikugombezee nini, mwanangu? Umechoka na kazi."

"Kama zamani tu."

"Ya zamani umeshayapeleka kwa watu." Alisema taratibu, bila ukali. "Siku hizi nikifungua mdomo, naona kama nakuigiza wewe."

Binti alitaka kuomba radhi. Machozi yakamlenga, lakini akamwona mama akiyatazama kwa makini, kama anayejiuliza haya nayo ni ya kazini au ya nyumbani. Akayafuta upesi, kwa aibu.

Mama akaenda kuleta maji. Aliyaleta kwenye sinia, katika glasi za wageni.

"Karibu," akasema, akakaa kiti cha mbali, mikono yake ameilaza mapajani.