Yule Kijana Alifika?

Ijumaa iliyopita nilitoka Nizwa asubuhi, nikashika njia ya Sinaw hadi Ibra, kwa mama, na ndani ya simu yangu nimebeba filamu. Usinicheke. Ni kichekesho kikongwe cha Kimarekani, cheusi na cheupe, cha wanafunzi wa chuo wanaocheza ule mpira wao wenye umbo la yai, wa kushika kwa mikono. Nimeitafuta miaka mingi bila kujua jina lake, na nilipoipata, nikaziona nyuso zile, nilijikuta nalia peke yangu jikoni. Lakini sikuitazama hadi mwisho. Mwisho ule haukuwa wangu.

Wakati huo nyumba yetu ilikuwa na kiyoyozi kimoja, chumbani kwa Bibi, na mchana wa kiangazi, Ibra ikiwaka moto, ukoo mzima ulilala humo sakafuni, vichwa kwa miguu. Kulinukia udi, vitunguu vya pilau, na tende zilizochemshwa shambani, ambazo sisi watoto tulitoka kuzianika na mikono ingali inanata. Mjomba alikuwa ameirekodi filamu kutoka kwenye televisheni alipokuwa akifanya kazi Dubai. Kanda tulikuwa nayo hiyo moja. Bibi akishakunywa kahawa yake husema, "Haya, mtieni Masikini wa Mungu," nasi tukaitia.

Masikini wa Mungu ni jina alilompa shujaa, kijana mwembamba wa miwani aliyeingizwa kwenye timu kwa makosa. Kiingereza Bibi hakukijua wala hakukihitaji. Alitusimulia mwenyewe kwa Kiswahili cha Unguja mjini, juu ya sauti za Wamarekani, na yule mwalimu wa mpira anayefoka alimpa maneno ambayo siyaandiki hapa. Filamu yenyewe ilikuwa ya senti mbili. Mlango wa chuo ukifungwa, ukuta mzima ulitikisika. Mwanamke mmoja wa kofia ya manyoya alishangilia katika kila mechi, mara upande huu, mara upande wa maadui, na Bibi wetu akamwita Kigeugeu. "Watu wazima na akili zao," alikuwa akisema, "wanauana kwa yai." Kisha akatushonea yai letu kwa kanga kuukuu, akalijaza nyuzi za mtende, nasi tukaenda kuuana nalo kwenye wadi, lile bonde la mto mkavu, hadi adhana ya magharibi.

Ila filamu yetu haikuwa na mwisho. Masikini wa Mungu analidaka yai, anakimbia, miwani imeanguka, haoni mbele, maadui wako nyuma yake, na papo hapo kanda inaisha. Mjomba hakupima urefu wake. Na kwa Bibi hiyo ilikuwa mara ya pili kukatiwa pale pale. Filamu hiyo hiyo aliwahi kuiona Unguja, kabla hawajahamia Ibra, kwenye onyesho la wanawake peke yao, siku ambayo mabuibui yote ya mji yalinukia asumini. Kijana alipoanza kukimbia, kitoto alichokipakata kikaangua kilio, watu wakaguna, ikabidi atoke nje. Kitoto hicho ni mama yangu.

"Muulizeni huyu, mwisho wangu kaupeleka wapi," alisema Bibi kila kioo kilipojaa chenga, akimnyooshea mama kidole. Sote tulicheka. Mama naye alicheka, kisha akainuka kwenda kutia chai. Hapo Bibi akatutungia mwisho. Siku moja kijana alipitiliza uwanja, akaenda moja kwa moja kwa mama yake kula. Siku nyingine alimtupia yai Kigeugeu, akamwoa. Tulimdai mwisho mpya kila wiki, na hakutunyima.

Bibi alipofariki, mama hakutaka tena kusikia kanda ikitajwa. Nilidhani ni majonzi tu. Ijumaa, nilipomwambia nilichobeba, alikaa kitako kwanza, ndipo akanieleza.

"Siku yake ya mwisho hatambui mtu. Akanishika mkono, akaniuliza, 'Yule kijana alifika?' Nikamwambia, 'Kafika, mama.' Akatulia. Na mimi sijui. Wallahi, mwanangu, mpaka leo sijui kama nilimwambia kweli."

Tukaunganisha simu na televisheni. Binti yangu, ambaye Kiswahili chake ni cha salamu na chakula, alikaa katikati yetu. Ukuta ulitikisika, Kigeugeu alishangilia, nasi hatukucheka sana. Kijana akalidaka yai, akakimbia. Pale kanda yetu ilipokuwa ikikatika, mama alifumba macho, kisha akayafumbua. Kijana alijikwaa, maadui timu nzima wakarundikana juu yake. Refa akawatoa mmoja mmoja. Chini kabisa Masikini wa Mungu alikuwa amelala kifudifudi, na mkono wenye yai umevuka mstari wa goli.

"Kafika," mama akasema. Akajifuta uso kwa ncha ya mtandio. "Alhamdulillahi. Sikumdanganya."

Nilifurahi kwa ajili yake, na njia nzima ya kurudi Nizwa nilikuwa na huzuni. Siku hizi chumba cha Bibi ni stoo. Kila chumba kina kiyoyozi chake, na kila mlango umefungwa. Tulipokuwa hatuna mwisho, tulipata mpya kila wiki. Sasa tunao mmoja tu.