Mwanamke Aliyekiri Ili Alale

Kabla hujaniuliza kama nilikuwa na homa, nakujibu: sikuwa nayo. Jua la Maskati nilikuwa nimelizoea kitambo. Usingizi, ndiyo, nilikuwa nimenyimwa usingizi, na hilo nitakueleza bila kuficha. Lakini maji yaliyobaki sakafuni waliyaona watu wengine kwa macho yao, na mmoja wao aliyakanyaga. Kwa hiyo nisikilize mpaka mwisho, halafu uamue mwenyewe.

Mimi ni Mtaita wa Wundanyi. Nilikuwa nafanya kazi ya nyumba huko Ansab, kwa familia ya Waomani wenye asili ya Unguja. Kiarabu hakikunisumbua sana, maana mle ndani walizungumza Kiswahili kutwa. Madam wangu, Salma, alikuwa na kazi wizarani, Al Khuwair, na mumewe alifanya kazi mbali kwenye visima vya mafuta, huja na kuondoka. Salma akashika mimba, ikatoka. Akashika nyingine, nayo ikatoka. Hapo mama yake, Bi Zuwena, akaja kutoka Sib kumuuguza mwanawe.

Nataka ujue kwamba huyo bibi hakuwa mtu mbaya. Alikuwa akinikatia papai, ananiambia, "Kula mwanangu, umekonda." Ni woga tu ulimwingia, na woga ukishamwingia mtu humjui tena.

Sasa sikiliza yaliyonipata. Nyanya yangu alinifundisha tangu utotoni kwamba nywele zako usiziache ovyo kwenye nyumba ya watu, mtu mbaya asije akazichukua. Kila nilipofumua nywele niliziweka kwenye mfuko wa nailoni, nikaufunga kwa uzi, nikauficha chini ya godoro langu mpaka nipate nafasi ya kuzichoma. Unaelewa? Niliogopa kurogwa mimi. Bi Zuwena akaingia kubadilisha shuka, akaukuta. Nywele zimeviringana kama kiota, na uzi wenyewe, bahati mbaya, ulikuwa mwekundu.

"Hii nini?"

"Nywele zangu, bibi."

"Nywele zako zafanya nini chini ya godoro? Nnakuuliza kwa wema, mwanangu. Nyingine umezizika wapi?"

Aliona nimemroga Salma mimba zitoke, na aliamini kwamba sihiri haivunjiki mpaka aliyeifanya aseme mwenyewe alipoizika. Ndiyo maana hakutaka nifukuzwe wala niitiwe polisi. Alitaka niseme. Kwake yeye maneno yangu yalikuwa ndiyo dawa ya mwanawe.

Akachukua simu yangu. Akaniketisha jikoni kwenye kiti cha plastiki, naye akakaa mbele yangu na tasbihi yake. Nikisinzia ananimwagia maji usoni, kisha ananifuta kwa kanga yake mwenyewe. Usiku ukaingia, ukatoka, ukaingia tena, na mimi nipo kwenye kile kiti. Sikuambii ni mara ngapi kwa sababu sikuweza kuhesabu. Ukuta ulikuwa unapumua. Kijiko nikikishika nasahau ni cha nini. Salma alikuwa chumbani, amegeukia ukutani na huzuni yake. Nadhani hakutaka kujua kinachoendelea jikoni.

"Nani kakupa dawa?" Bi Zuwena akaniuliza. "Yule mwenzio wa nyumba ya kona?"

Mwenzangu wa nyumba ya kona alikuwa Caro, Mkisii, rafiki pekee niliyekuwa naye mtaa ule. Na pale, niamini, nikaiona njia imefunguka. Ningesema tu ndiyo, ni Caro, tumezika jangwani, khalas. Kisha ningelala. Umewahi kutaka usingizi mpaka mate yanakutoka kama mtu mwenye njaa?

Adhana ya adhuhuri ikalia. Bi Zuwena akainuka.

"Nikimaliza kusali utaniambia," akasema. "Leo utanambia."

"Nitakuambia, bibi," nikasema. Na kweli nilikuwa nimeshaamua.

Nikatoka nyuma kuanua nguo. Ua ulikuwa mdogo, wa saruji, una kamba ya nguo na mtungi wa gesi ukutani, kando ya ngazi. Mwezi ulikuwa wa nane. Aliyekaa Maskati anajua: saa ile mtaa mzima umefungwa milango, hata paka haonekani, na saruji inakuunguza ukiwa umevaa ndara.

Nilipogeuka, kwenye ngazi ya mlango wa nyuma alikuwa ameketi mwanamke.

Mwembamba, mzungu, mzee kidogo au pengine amechoka tu. Alikuwa miguu mitupu, nyayo zimepasuka. Amejifunika shali nzito ya sufu, na shali ile ilikuwa imelowa chepechepe. Maji yalidondoka kwenye saruji, tone baada ya tone, na hayakukauka. Nikayatazama yakiacha dimbwi. Joto lile lingekausha beseni zima, lakini dimbwi lile lilikaa. Na alinuka moshi, moshi wa kuni mbichi.

Lugha gani alitumia? Usiniulize. Nilimwelewa kama ninavyomwelewa mama yangu.

"Umeshasema?" akaniuliza.

"Kusema nini?"

"Kwamba ni wewe."

"Bado. Akimaliza kusali nitasema. Nataka kulala."

Akatikisa kichwa taratibu. "Na mimi nilisema ili nilale. Walinizuia usingizi kama wewe. Nikawaambia niligeuka sungura nikakimbia mashambani. Nikawaambia nilikausha maziwa ya ng'ombe. Walifurahi. Halafu wakaniuliza nilikuwa na nani."

Niliishika kamba ya nguo.

"Nikamtaja jirani yangu. Ndiye mkunga aliyenizalisha watoto wangu wote. Nikalala kidogo. Nilipoamka, walikuwa wameshamleta, na alikuwa ananitazama."

Kisha akafanya kitu ambacho mpaka leo nikikikumbuka nikiwa nimeketi, huinuka. Aliweka mkono mmoja utosini. Mwingine akaupeleka chini, akaushikiza kwenye unyayo.

"Walitaka niseme kwamba nilimpa yule mtu mweusi, Shetani wao, kila kilicho kati ya mikono hii miwili. Nikasema. Tazama sasa."

Nikatazama. Kati ya mikono ile hapakuwa na mtu. Palikuwa na mtungi wa gesi. Niliuona wote, na kutu yake, na mpira wake, mahali ambapo kifua chake kilipaswa kuwa. Mkono juu, unyayo chini, na katikati ukuta wa nyumba yetu.

Hata sikupiga kelele. Nikamruka pale ngazini, nikaingia ndani, nikasimama jikoni.

Bi Zuwena aliingia akikunja mswala. "Haya, mwanangu. Sema."

"Sina la kusema, bibi. Nywele ni zangu. Sikumfanya Salma kitu, na hakuna mtu wa kumtaja."

"Uliniahidi!"

"Niue ukitaka. Sitasema."

Akafungua mdomo kujibu, macho yake yakaenda kwenye kile kiti cha plastiki. Kiti kilikuwa kinadondosha maji. Sikuwa nimekikalia tena. Kutoka mlango wa nyuma mpaka kwenye kiti zilikuwepo nyayo za majimaji, ndogo, za miguu mitupu. Mimi nilikuwa nimevaa ndara.

"Nani kaingia humu?" akasema polepole. Halafu akapiga ukelele. "Kaleta jini! Salma! Huyu mwanamke kaleta jini ndani!"

Salma akatoka chumbani, nywele timtim, miguu mitupu, akakanyaga yale maji. Akauvuta mguu wake haraka. "Mbona ya baridi?"

Anayejua Maskati atanielewa. Mwezi wa nane maji ya bomba hutoka kwenye tangi la juu yakiwa ya moto, huwezi hata kunawa. Yale yalikuwa baridi kama ya mtoni kwetu mlimani alfajiri. Na kwenye friji, kila chupa ilikuwa mahali pake.

Salma alinitazama usoni. Nadhani ndiyo mara ya kwanza aliniona tangu mimba yake ilipotoka. Akamwambia mama yake, "Basi, Mama. Daktari kanieleza kwa nini imetoka. Nilikwambia, hukunisikiliza." Akachukua simu yangu na pasipoti yangu kabatini, akanishika mkono mpaka getini.

"Nenda," akasema. "Nenda kabla na mimi sijaanza kuamini."

Nilikwenda nyumba ya tatu, kwa Ailsa, mama mmoja Mskoti anayefundisha chuoni. Tulikuwa tukisalimiana kwenye pipa la taka, si zaidi. Alinifungulia, hakuniuliza kitu, akanionyesha kitanda. Nililala mpaka kesho yake jioni.

Nilipoamka nilimsimulia yote kwa Kiingereza changu. Alikuwa ananisikiliza huku anakoroga chai. Nilipofika kwenye ile mikono, mmoja utosini na mwingine kwenye unyayo, kijiko kikasimama.

"Nani alikufundisha hayo?"

"Hakuna. Nimeyaona."

Akaiweka chai mezani. Ndipo akanieleza kwamba zamani sana, nchini kwao Uskoti, wanawake wengi walishikwa kwa uchawi. Waliwekwa macho usiku na mchana mpaka wakiri, na walikiri mambo ya ajabu: kugeuka sungura, kukutana na mtu mweusi, yaani Shetani, na kumpa kila kilicho kati ya utosi na unyayo. Kisha wakataja wenzao. Wengi walinyongwa, miili ikachomwa moto.

"Shali yake ilikuwa imelowa?" akaniuliza.

"Chepechepe."

"Kwetu mvua haikatiki," akasema, na machozi yakamtoka. Kwa nini mwanamke huyo afuate mtu mpaka Ansab, hakujua. Na mimi sijui.

Salma alinipa ruhusa ya kuhamia kwa mwajiri mwingine, nikapata kazi jikoni kwenye shule moja. Caro yupo, ananitumia vichekesho kwenye simu kila asubuhi. Ungedhani yameishia hapo.

Mwaka jana Salma akajaliwa mtoto wa kike, mzima. Baada ya miezi kadhaa akanipigia simu. "Mama halali tena. Nnakuomba njoo. Anakuita wewe."

Nikaenda Sib mchana, Salma akanifungulia mlango. Nilimkuta Bi Zuwena sebuleni, amempakata mjukuu wake, macho mekundu, amebaki mifupa. Aliniambia kila akifumba macho anasikia maji yakidondoka, na mtu anamuuliza jambo moja tu: ni wewe?

"Niambie ni wewe uliyenitumia jini huyu," akanisihi. "Sema tu ndiyo, nipate kulala."

"Bibi, sikukutumia kitu. Wallahi sikukutumia."

"Basi nimwambie nini?"

"Usimwambie kitu. Hata akikuuliza mpaka asubuhi, usiseme kitu."

Lakini alikuwa amechoka, mwenzangu, na ule uchovu mimi naujua. Akainua uso kuelekea mlango wa jikoni ambako hapakuwa na mtu, akasema kwa sauti kubwa, "Haya, ni mimi. Mimi ndiye niliyemroga mwanangu. Mimba zote mbili ni mimi. Niacheni."

Na palepale akalala. Kichwa kikaanguka kifuani, akaanza kukoroma, mtoto yuko mikononi mwake.

Nikageuka kumtazama Salma. Alikuwa amesimama karibu na dirisha, rangi imemtoka. Nikamwambia, "Madam, ni usingizi unaosema, unajua ni usingizi." Alikuja kwa ncha za vidole, akamchukua mwanawe kutoka mapajani mwa mama yake, akaenda naye chumbani. Nikasikia ufunguo ukizungushwa.

Mpaka leo Bi Zuwena hajapewa tena mtoto yule ampakate. Analala vizuri sana, wananiambia. Analala kutwa.

Kwa hiyo wewe unayejiandaa kuja huku, na wewe uliye kwako hujaenda kokote: siku watu watakapokukalisha na kukuambia sema tu, yaishe, usiseme. Lia, tapika, zimia. Hata kama mdomo ni wako na maneno ni mawili tu, usiyatoe.