Onyesho la Sitini na Nne

Kwa miaka kumi na tisa Bi Tochi alilipwa kuzipa filamu mgongo. Watu wakiingia sinema, yeye ndiye aliyewamulikia njia hadi kwenye viti vyao, kisha akasimama mbele kabisa, chini ya pazia, akiwatazama waliokaa. Kilichokuwa kikiendelea nyuma yake alikijua kwa masikio tu. Sura za watu, hizo alizijua kama mfuko wa nguo yake.

Meneja alimkabidhi daftari la matukio. Nani kaanguka, nani katapika, nani katoka, safu ya ngapi, dakika ya ngapi. Meneja alilitaka ili ndugu wa aliyezimia wakija juu, awe na la kuwajibu. Bi Tochi aliandika kila kitu, maana ndivyo alivyoumbwa: mtume salamu, atakurudishia majibu ya nyumba nzima.

Ndipo ikaja ile filamu ya bi harusi. Mume anamfungia mkewe chumbani, mke anafia humo, halafu anarudi na makucha yake na kuimaliza familia ya mume mmoja mmoja, damu hadi kwenye sufuria. Ilionyeshwa mara tatu kwa siku kwa wiki tatu, mara sitini na tatu, kisha ikapigwa marufuku. Inaalika mashetani, wakasema wakubwa, na inadharau ndoa. Wengi wa waliosema hivyo hawakuwahi kukanyaga ukumbini, lakini debe tupu nalo lina haki ya kuvuma.

Sinema ilipofungwa na kugeuzwa ghala la magodoro, Bi Tochi aliondoka na tochi moja na madaftari saba. Akiwa na miaka arobaini na tisa alirudia mitihani aliyoiacha usichanani. Watu walicheka wakachoka. Alipofika hamsini na nane alikuwa anamaliza shahada ya uzamili, na tasnifu yake ilihusu filamu ileile ya bi harusi: ilikuwa na maana gani kwa watu walioitazama.

Wataalamu aliwasoma mpaka macho yakaomba likizo. Mmoja anasema zimwi la kwenye filamu ni hofu ya mtu wa mjini kwa kule alikotoka. Mwingine anasema ni mwili wa mwanamke, ambao wanaume huuogopa na kuutaka kwa pamoja. Wa tatu anasema filamu hizi ni takataka, na kuzichambua ni kuzipa heshima. Bi Tochi aliwaheshimu wawili wa kwanza na huyo wa tatu akampita kama anavyopitwa mlevi njiani. Ila wote walimkera kwa jambo moja: hakuna hata mmoja aliyegeuza kiti akawatazama watazamaji.

Yeye alikuwa na daftari. Katika maonyesho yote sitini na tatu, watu arobaini na mmoja walizimia au walitoka nje. Kwenye damu na makucha walikuwa watano tu. Watazamaji waliobaki walikaa wakitafuna njugu. Thelathini na sita waliinuka mapema sana, kabla hajafa mtu, pale mume anapofunga mlango na kuzungusha ufunguo. Karibu wote walikuwa wanawake. Na papo hapo, kila onyesho, kulikuwa na wanaume waliocheka, kicheko kifupi cha puani. Zimwi lilikuwa bado halijaja. Kikulacho ki nguoni mwako, aliandika Bi Tochi katika sura ya nne, na hakuongeza maneno.

Yeye mwenyewe aliwahi kuolewa miaka sita na mwanamume aliyetembea na ufunguo wa nyumba mfukoni, mke akiwa ndani. Hilo hakuliweka kwenye tasnifu.

Wiki mbili kabla ya utetezi wa tasnifu ikaja barua kutoka kwa Profesa, mwenyekiti wa jopo. Aondoe sura ya nne, kwa kuwa daftari la mtembeza tochi si utafiti, na badala yake aandike jinsi filamu za aina hiyo zinavyobomoa maadili. Asipofanya hivyo hatapita. Na muda wake wa masomo ulikuwa unaisha mwezi uleule; hakuna kurudia.

Dada yake mkubwa, mkunga mstaafu, aliisoma barua ile akavua miwani.

"Mdogo wangu, waandikie wanachotaka. Uvae joho, tupige picha, yaishe."

"Dada, nikiandika wanachotaka, joho watakuwa wamelivaa wao."

"Miaka tisa umesoma. Itapotea?"

"Ikipotea, itapotea ikiwa yangu."

Dada mtu akamwita kichwa kigumu, kisha akamnyooshea gauni la siku hiyo.

Chumba cha mikutano kilikuwa na meza ndefu na feni iliyolia kama inadai kustaafu. Profesa alikaa katikati. Kulia kwake alikuwepo mhadhiri mzee mwenye kifaa cha kusikia sikioni, ambaye watu walidhani hulala vikaoni. Kushoto, msimamizi wa Bi Tochi, kijana mpole anayemwogopa Profesa na hafichi. Pembeni alikaa katibu wa kikao, mama wa makamo, akiandika kumbukumbu kwa mkono.

"Sura ya nne naiona bado ipo," alisema Profesa.

"Ipo."

"Barua uliipata?"

"Niliipata. Profesa, filamu yenyewe umeitazama?"

"Sihitaji kuonja sumu ili nijue inaua."

"Lakini anayeipima huifungua chupa. Naomba dakika nne. Nakala ni ya maktaba ya chuo, na imeruhusiwa kwa utafiti."

Profesa alitaka kukataa, lakini mhadhiri mzee akasema dakika nne hazijawahi kumuua mtu. Taa ikazimwa. Bi Tochi akageuza kiti chake, akaipa filamu mgongo kama zamani, akafungua daftari jipya.

"Wewe hutazami?" aliuliza Profesa.

"Ninatazama."

Kwenye filamu, bi harusi anatandika kitanda. Mume anamtazama kwa upole, anatoka, anavuta mlango. Ufunguo unazunguka mara mbili. Bi harusi anakaa kitandani, mikono mapajani. Basi, ni hayo tu.

Taa ilipowashwa Profesa alikuwa ameridhika kabisa. "Hapa hakuna cha kutisha. Hakuna hata aliyeguswa. Katibu, tusomee kumbukumbu, ili ijulikane jopo limetazama na halikuona kitu."

Katibu alisoma: filamu ilianza saa nne na dakika ishirini, mwanamke anatandika kitanda, mume anatoka. Akaishia hapo.

"Endelea."

"Hapa sikuandika, Profesa."

"Kwa nini?"

Katibu aliitazama kalamu yake, iliyokuwa imelala mezani mbali na mkono wake. "Mlango ulifungwa," alisema.

Bi Tochi alisoma ya kwake, polepole, kwa sauti ileile aliyokuwa akimsomea meneja. "Ufunguo ulizungushwa. Mwenyekiti alicheka. Katibu aliweka kalamu chini."

"Sikucheka," alisema Profesa. "Na sura hiyo inaondoka."

"Haiondoki. Nifelisheni, ni haki yenu. Ila kumbukumbu zieleze mmenifelisha baada ya kuona nini."

Katibu akaichukua kalamu. "Niandike alicheka, au niandike hakucheka?"

Msimamizi aliinamisha kichwa. Mhadhiri mzee akarekebisha kifaa sikioni mwake.

"Andika alicheka," alisema. "Hata mimi nilisikia."

Msimamizi naye akainua uso. "Nilisikia," alisema, kwa sauti ya mtu anayeruka mtaro.

Walipiga kura, wawili kwa mmoja. Tasnifu iko maktaba na sura ya nne imo nzima, ila jedwali lake limeongezwa mstari mmoja chini. Onyesho la sitini na nne, chumba cha mikutano, saa nne asubuhi. Watazamaji: wanne. Waliotoka: hakuna. Aliyeweka kalamu chini: mmoja, mwanamke. Aliyecheka: mmoja.