Asmahan na Sauti Isiyo Yake

Mandeep aliingia duka la vitambaa la Ladypool Road, huku ughaibuni, kutafuta pazia. Muuzaji alikuwa Asmahan, mzaliwa wa Unguja, na wakati huo alikuwa akibishana bei na mama wa Kisomali, kila mmoja kwa lugha yake. Mama yule akaondoka ameridhika. Mandeep akasahau pazia. Yeye alikuwa akitengeneza filamu fupi zisizo na maneno, kwa sababu majirani aliotaka wazione hawakuwa na lugha moja.

"Umewahi kuigiza?" alimuuliza.

"Nina watoto watatu," Asmahan akamjibu. "Kila siku naigiza kuwa sijachoka."

Hivyo ndivyo alivyoanza, mwaka 2016, akikaribia miaka arobaini. Alicheza mjane, alicheza mpishi wa hoteli. Katika filamu moja anapokea simu. Hatusikii kitu, tunamwona tu akiketi taratibu kwenye ngazi, anavua kiatu, kisha anabaki nacho mkononi. Nilikuwepo ilipoonyeshwa, kwenye ukumbi mmoja kule Aston. Mama wa Kikongo aliyekaa karibu nami alinihakikishia kwamba yule ni mtu wa kwao, Bukavu. Wasudani nao walisema ni wa kwao.

Baadaye Mandeep akapata wafadhili wa filamu yenye mazungumzo, kwa Kiswahili. Asmahan alijifunza maneno yake akiwa jikoni, mpaka mumewe, Yasir, naye akayajua. Sauti ya Asmahan ni nzito, inakwaruza kidogo, kama ya mtu aliyetoka usingizini. Sisi tuliomzoea hatukuona ajabu. Upigaji picha ulipokwisha alishukuriwa, akarudi dukani.

Siku ya maonyesho alivaa gauni jipya, akakaa mstari wa mbele na Yasir. Alipofungua kinywa kwenye skrini, ikatoka sauti nyembamba, tamu, ya Kikenya. Yasir akamgeukia. Asmahan hakugeuka. Aliitazama midomo yake ikisema kwa sauti ya mwanamke mwingine mpaka mwisho, na watu walipopiga makofi, akasimama akainamisha kichwa.

Nje alimfuata Mandeep. "Sauti yangu ina nini?"

"Wafadhili waliona haiendani na uso wako."

"Na wewe uliona vipi?"

"Niliwakubalia."

"Ungenambia basi. Nisingeleta watu wangu."

Mwenye sauti alikuwa Truphosa, nesi anayeishi Northfield. Aliyasikia hayo akiwa mlangoni, akaja mbio. "Aki dada, waliniambia unajua! Walisema wewe mwenyewe ulikataa kurekodi."

"Sina hasira nawe," Asmahan akamwambia. "Umeyasema vizuri. Pale ninapomfukuza mwanangu, mimi nilipaharakisha."

Alijikaza mpaka kwenye gari, ndipo akalia.

Kwa miaka miwili hakuigiza. Truphosa ndiye aliyemtaja kwa rafiki yake Chepkoech, naye mtengenezaji wa filamu, aliyekuwa akitafuta mtu wa kuigiza mama mkwe ambaye bibi harusi angemwogopa kwa kumsikia tu. Sehemu yenyewe ilikuwa fupi mno. Asmahan aliikubali huku moyo ukimuuma: uso uliowaliza watu sasa haukuulizwa kabisa. Baada ya hapo akawa shangazi mkali, akawa hakimu, na mara moja akawa jirani anayegombana nyuma ya ukuta, haonekani hata kidogo. Jina lake huandikwa chini, kwa herufi ndogo. Wala hakuna tena anayedai ni mtu wa Bukavu. Akisema neno moja tu, kila mtu anajua ni Mzanzibari.

Mwezi uliopita nilimuuliza kama anazikumbuka zile filamu za kimya. Alikuwa akikunja kitambaa, hakuacha.

"Kule nilikuwa mzuri zaidi," alisema. "Najua. Hizi za sasa ni za kawaida tu. Lakini nikikaa kuzitazama na wanangu, najua nitakachosikia."