Bosi Aliyenihamisha Sasa Anataka Niwe Shahidi Wake

Admin, jina langu libaki kwako. Kamina si kubwa, na hata hivyo wapo watakaonijua. Nina miaka 41, mama wa watoto watatu, mtumishi wa serikali upande wa kilimo.

Bosi wangu wa zamani, nitamwita Chef, alinitaka nitie sahihi kwamba mbegu za mahindi zimewafikia wakulima. Mbegu hizo niliziona kwa macho yangu zikiuzwa sokoni. Nikakataa. Haukupita muda, nikapewa barua ya kuhamia Kaniama, mbali na hapa. Nilimfuata ofisini, nikamweleza kwamba mama yangu ni kipofu, ana kisukari, na mimi ndiye ninayemchoma sindano. Akanijibu bila hata kuinua macho: "État haina na mama. Kama hautaki, andika démission." Yaani serikali haina mama, nikitaka niache kazi.

Nilimshitaki. Avoka wangu, yaani wakili, akasema niende tu Kaniama wakati kesi inaendelea, la sivyo wangedai nimetoroka kazi. Nikaenda, sindano nikamwachia jirani. Mama alipozidiwa niliomba ruhusa kwa simu, Chef akakataa. Nikapanda pikipiki hivyo hivyo, mvua ikatukwamisha njiani. Nilifika mama ameshazikwa. Jamani, mimi sikumwosha mama yangu! Walimwosha akina mama wa kikundi chetu cha parokia, na aliyewaongoza ni mke wa Chef, nitamwita Mama Béa.

Baadaye mahakama ilifuta uhamisho wangu. Walisema niliadhibiwa bila kusikilizwa. Nilirudi kwenye kazi yangu, na kwenye nyumba isiyo na mama.

Sasa sikieni. Amekuja bosi mpya, mkubwa kuliko Chef, na hawapatani. Siku moja niko ofisini napanga mafaili, bosi mpya akamwambia Chef: "Weye unanichokesha. Nitakutupa mbali." Kweli, Chef akahamishiwa kijiji cha mbali, upande wa Bukama. Siku ile nilipika bukari, ugali wetu, na samaki mkubwa, nikawaambia watoto leo ni sikukuu. Sioni haya kulisema.

Naye amekimbilia mahakamani, tena kwa avoka yule yule wangu! Eti ameadhibiwa bila kusikilizwa. Lakini maneno ya bosi mpya niliyasikia mimi peke yangu. Jumapili baada ya misa Chef akaja kwangu, kofia mkononi. Sikumpa kiti.

"Mama, bibi yangu, Mama Béa, alipooza upande moya, hawezi kupanda pikipiki. Weye peke yako njo ulisikia. Unisaidie."

Jibu nilikuwa nalo tangu Kaniama. Nikamwambia: "État haina na bibi. Andika démission." Alilia, mtu mzima yule. Nilifunga mlango, na usiku ule nililala vizuri sana.

Kesho yake Mama Béa akanitumia ujumbe wa sauti. Maneno yanamtoka kwa shida, unasikia kabisa mdomo umekwenda upande. "Mwanangu, minyi sikuombe kitu. Nilitaka tu ujue, siku tuliosha mama yako, nilimupakala mafuta, nilimusuka nywele muzuri, sababu nilijua weye njo ungefanya vile."

Tangu hapo nina hasira hata naye. Kwa nini aniambie sasa? Ningekuwa na raha yangu tu.

Kesi ni Alhamisi. Nataka Chef apite barabara mbaya kama niliyopita mimi, na mvua imkute. Nikisema nilichosikia, atabaki hapa Kamina anatembea kifua mbele. Nikinyamaza, anaondoka, na Mama Béa anabaki kitandani na nusu ya mwili, hana wa kumgeuza.

Msinihubirie msamaha, yule mwanaume sitamsamehe. Nishaurini hili moja tu: nikinyamaza Alhamisi, siku ya Mama Béa ikifika na akina mama wa parokia wakaniita, nitaingiaje kumwosha?